Kamba ya Kichwani

Jiwe lilikuwa jeusi na bapa, la aina ile ile inayotumika kuezekea mapaa ya bonde lote la Arrat, na aliyelichonga hakuwa na haraka. Sajenti Davit Whamond alichuchumaa mbele yake akapitisha kidole gumba ndani ya herufi, moja baada ya nyingine. MAUSE GEDDIE. Na chini yake: LIMEWEKWA NA OE WAKE. Hapakuwa na mwaka wala aya ya Biblia.

Lilisimama upande wa kaskazini wa kanisa, kule jua lisikofika, ambako watu wa zamani waliwatupa watu ambao wao hawakutaka kulala nao jirani. Lilikuwa limeonekana asubuhi ya pili baada ya mazishi ya Hendry Fenton, mwenye shamba la Drumgarth, na tangu siku hiyo bonde halikutulia. Mzee aliyeanguka kutoka kwenye ngazi ya ghala lake, akazikwa kwa heshima zote, ghafla akawa mzee aliyeuawa. Kila mwenye umri wa kukumbuka alijua Mause Geddie alikufaje na nani alimsukuma kwenye kifo hicho. Na oe, kwa kauli ya bonde hilo, ni mjukuu.

"Unalisoma mara ngapi, Sajenti? Halitabadilika."

Alikuwa Tam Fenton, mtoto wa mdogo wa marehemu Hendry na mrithi wa shamba. Tangu mazishi alikuwa hajaivua suti nyeusi.

"Nalitazama tu," alisema Whamond.

"Aliyeliandika unaye mahabusu, anakula uji wa mkeo. Leo jioni Inspekta anamchukua na treni, na wakishamhukumu huko mjini nitakwenda nisimame nje ya geti la gereza mpaka kengele igongwe. Nitabeba na chakula changu."

"Rob Petrie hajakiri."

"Atakiri nini tena? Baba mkubwa alimpiga yule farasi wake mjeledi mmoja, naye akasema mbele ya shamba zima: siku moja utaanguka na hapatakuwa na wa kukuinua. Baba mkubwa akaanguka, na hapakuwa na wa kumwinua. Ulitaka amwandikie barua kwanza?"

Whamond alisimama, magoti yakalia. Jiwe lilikuwa limezungukwa na vigingi vinne vilivyounganishwa kwa uzi mweupe. Vigingi vyenyewe vilikuwa vimepigwa randa pande zote, laini kama miguu ya meza.

"Na hivi?"

"Banda la makaa ya kanisa. Baba mkubwa alilipitisha kwenye baraza la wazee mwezi uliopita. Pahala hapa hapafai kitu kingine." Tam aliusukuma uzi kwa ncha ya kiatu. "Leo saa tisa wanalifungua kaburi, daktari akitazame kile kichwa vizuri. Nimemwambia Inspekta amlete Petrie. Nataka amwone baba mkubwa uso kwa uso."

"Ni wewe uliyeshika kamba ya kichwani siku ile."

"Angeshika nani? Hakuwa na mtoto."

"Hukulemewa?"

Tam alifikiri. "Ajabu, hapana. Baba mkubwa alikuwa na mwili kama fahali, unamjua. Nikajiandaa. Lakini alishuka mkononi mwangu kama kikapu cha mayai. Nadhani msiba humtia mtu ganzi."

"Huenda," alisema Sajenti, na akavaa kofia yake.

*

Mahabusu ya Arrat ilikuwa chumba kimoja nyuma ya nyumba ya Sajenti, chenye dirisha lililotazama kabichi. Rob Petrie alikuwa kijana wa miaka ishirini na kitu, mtunza farasi aliyekuja kuajiriwa kutoka ng'ambo ya mlima, mwenye mikono mikubwa ambayo sasa haikuwa na kazi. Siku nne za kukaa zilikuwa zimemfanya mwekundu wa macho.

"Nani anamlisha Bess?" aliuliza habari za farasi wake kabla Whamond hajakaa.

"Mhunzi. Anakula vizuri kuliko wewe. Rob, ulimwambia Inspekta kwamba wewe ni oe?"

"Nilimwambia." Kijana alicheka bila furaha. "Aliniuliza, 'Unalijua neno hili?' Nikasema nalijua, mimi mwenyewe ni oe. Akaandika haraka kama mtu aliyeokota shilingi. Hakuniuliza oe wa nani."

"Mimi nauliza."

"Wa Kirsty Petrie, aliye hai, anayevuta kiko na atakayewatoa macho nyote akisikia nimefungwa. Kila mtu ni oe wa mtu, Sajenti. Hata Inspekta, ingawa sioni ni bibi gani angejivunia."

Whamond alimsogezea bakuli la uji. "Watu wa hapa wenye umri wako hawalitumii tena. Wewe umelitoa wapi?"

"Ni letu. Kwa lugha ya milimani ni ogha. Lilishuka huku na wachunga ng'ombe na wale wasichana waliokuja kulea watoto wa matajiri, na watu wa tambarare wakalikata mkia." Kijana aligeuza kijiko mkononi. "Kwetu hata binamu tunamwita kwa neno hilo hilo: mjukuu mwenzangu. Hamtajwi kwa baba zenu. Mnatajwa kwa yule mkongwe mmoja mliyetoka kwake wote."

"Kwa nini?"

"Sikumwuliza aliyelitunga. Lakini baba anaweza kukukana. Wangu alinikana kabla sijazaliwa, akapanda meli. Bibi hawezi kusema hakumzaa mama yako, alikuwepo."

Whamond alitikisa kichwa polepole. "Na mtoto wa oe? Yeye mnamwitaje?"

"Huyo ni ier-oe. Kitukuu. Kila mmoja ana jina lake, hata mlevi hawachanganyi."

"Kwa hiyo aliyelichonga neno lile..."

"Ametoka tumboni mwa mtoto wa yule mama. Si hatua moja mbele zaidi." Rob aliinua macho. "Watanipeleka leo kweli?"

"Treni ni saa kumi na moja."

"Basi mtu atembee haraka," alisema kijana. "Nawe si mtembeaji, Sajenti, samahani."

*

Baubie Low alikuwa mkunga wa bonde kwa miaka hamsini, na sasa alikuwa amebaki na paka, moto mdogo, na ulimi wake.

"Futa miguu, Davit. Nilikupokea ukija duniani pasipo tope. Sitaki uniletee leo."

Alifuta. Alikaa. Alipewa mkate mkavu wa shayiri na jibini, naye akala kwanza, maana kwa Baubie ukianza na maswali unaondoka na njaa ya vyote viwili.

"Mause Geddie," alisema hatimaye.

"Nilijua utakuja. Nilishangaa unachelewa."

"Alikuwa na watoto wangapi?"

"Mmoja. Jess. Alifia mikononi mwangu akijifungua, na baba wa mtoto hakumtaja, ingawa wazee wa kanisa walimsimamisha mbele ya watu Jumapili tatu tumbo likiwa hapa." Aliweka kiganja chini ya kifua. "Mtoto akaishi. Wa kiume. Mause akamlea."

"Hakukuwa na wajukuu wengine?"

"Wangetoka wapi, Davit? Jess alikuwa mmoja na alikufa mara moja."

"Alikuwa na umri gani huyo mtoto Mause alipofariki?"

"Miaka mitatu. Ulikuwa mwaka wa theluji kubwa, na mimi nilikuwa na ujauzito wa Wull wangu, ambaye sasa ana watoto wenye ndevu. Hesabu mwenyewe." Alimwangalia akihesabu, akamkatiza. "Sasa ana arobaini na tano, arobaini na sita. Yule kijana uliyemfungia kwenye kabichi zako hakuwa hata wazo."

"Niambie alivyokufa."

"Unajua."

"Najua yanayosemwa. Wewe ulikuwepo."

Bibi alichukua chuma akachokoa moto ambao haukuhitaji kuchokolewa. "Hendry Fenton alikuwa ndiyo kwanza amerithi Drumgarth. Alitaka kile kibanda cha Mause kiwe zizi. Mause akasema ataondoka theluji ikiyeyuka. Hendry akaja na wanaume wake wakaung'oa mlango, wakaling'oa na paa, wakaviweka kwenye mkokoteni na kwenda navyo. Asubuhi tulimkuta kwenye mtaro wa mpakani. Mtoto alikuwa hai ndani ya shali yake. Alikuwa anamwambia aamke."

Paka alihama kutoka kiti kimoja hadi kingine.

"Na mazishi?"

"Wanawake hatuendi kaburini, lakini ukuta hauna sheria, nilisimama nyuma yake. Kasisi wa wakati huo aliuliza nani atashika kamba. Hendry akasema hana mtu. Mimi nikapaza sauti, ana oe. Hendry akacheka. Akasema oe wake hajui kushika hata kijiko, ndiyo ashike kamba?" Mkono wake ulikuwa umekaza kile chuma. "Wakamtia shimoni kama gunia, bila sanduku. Kichwa mashariki, miguu magharibi. Sisi sote tunalazwa miguu mashariki, ili Siku ya Mwisho tuinuke tukitazama jua. Yeye walimlaza ainuke akiwa ameupa wito kisogo. Na Hendry ndiye aliyesema: hivyo hivyo, haina haja kumgeuza."

"Mtoto alikwenda wapi?"

"Parokia ilimpakia kwenye mkokoteni kwenda pwani, akalelewe kwa posho. Hatukusikia tena."

"Jina lake?"

"Mtoto asiye na baba kanisa halikumbatiza. Mause alimwita oe. Oe, njoo. Oe, funga mlango. Sidhani kama alijua ana jina lingine."

Whamond aligeuza kofia yake magotini. "Aliyeweka jiwe alijuaje mahali alipolala? Hapakuwa na alama."

"Kila vuli naweka tawi pale. Asiyejua ni kipofu." Alimsindikiza kwa macho hadi mlangoni. "Davit. Ukimpata, usimpate haraka sana."

"Kuna kijana mahabusu, mama."

"Najua. Ndiyo maana nimekuambia."

*

Alimkuta Geordie Doig, mhunzi, akijisugua bega kwa dawa ya farasi. Chumba kizima kilinuka kafuri.

"Farasi kakupiga?"

"Hendry Fenton kanipiga. Hai alivunja watu, maiti anavunja watu." Geordie alivuta shati. "Tangu siku ya mazishi sijainua nyundo kubwa."

Whamond aliketi kwenye pipa la maji. Katika bonde la Arrat jeneza hushushwa kwa kamba nane, na kila kamba ina namba yake. Ya kwanza, kichwani, ni ya ndugu wa karibu kuliko wote; ya pili, miguuni, ni ya rafiki au jirani wa heshima; na nyingine hufuata kwa ukaribu wa damu. Seremala anayetengeneza jeneza ndiye anayegawa kadi zenye namba, na watu wamewahi kununiana miaka kumi kwa sababu ya kadi hiyo.

"Ulishika ya pili," alisema.

"Ya pili, kama siku zote. Nimeshika miguu ya nusu ya bonde hili. Miguu ni kazi ya mzee, unasimama tu unatia huruma usoni. Lakini safari hii, Davit, nilikaribia kumfuata shimoni. Nikamtazama Tam kule kichwani, kasimama kama anapunga upepo. Nikasema, kumbe urithi hutia mtu nguvu."

Sajenti aliinuka, akachukua ubao mrefu uliokuwa ukutani, akaulaza sakafuni na kuweka nyundo kubwa kwenye ncha moja.

"Shika huko. Kwa mkono mzima."

Waliinua. Nyundo ilikuwa upande wa Whamond. Mishipa ikamtoka shingoni. Geordie aliushika upande wake kwa vidole viwili.

"Mimi nimeshika hewa," alisema mhunzi.

"Kama Tam."

Waliutua ubao. Geordie aliutazama muda mrefu, na mkono wake mzima ukapanda taratibu hadi kwenye bega bovu.

"Mabega na kichwa ndiyo uzito wa mtu," alisema.

"Ndiyo. Sanduku lenyewe lilikuwaje?"

"Pana. Unajua jeneza linavyopungua kuelekea miguuni. Lile lilikuwa pana huku na huku, kama kasha la shayiri. Nikamuuliza Sandy Cowie, akasema ndiyo mtindo wa mjini siku hizi."

"Nani alikuwepo akifunga kifuniko?"

"Wanawake walimaliza kumvisha. Cowie akawaomba watoke. Alisema mbao zimevimba kwa unyevu, anataka nafasi. Tuliporudi skrubu zote zimo." Mhunzi alikaa. Sauti yake ikashuka. "Davit. Cowie ni mtu mwema. Alimtengenezea mjukuu wangu jeneza hakuchukua kitu."

"Sijasema lolote juu yake."

"Ndiyo maana naogopa."

*

Saa tisa mvua ilikuwa imepungua na kuwa vumbi la maji. Wachimbaji wawili walikuwa wamelitoa jeneza la Hendry Fenton na kuliweka juu ya magogo kando ya shimo, vile vile lilivyokuwa limelala: ncha ya kichwani magharibi. Inspekta Lyell, aliyekuwa na mwavuli na saa ya mfukoni, alivitazama vyote viwili kwa zamu. Daktari alikuwa amekunja mikono ya shati. Rob Petrie alisimama kati ya makaburi na pingu mikononi, Tam Fenton hatua moja kutoka kwake, akimpumulia usoni.

"Utamtazama," Tam alikuwa akimwambia. "Hutafumba macho. Ukifumba nitayafumbua mimi."

"Nimewahi kumtazama akiwa mzima," alisema Rob. "Hakuna kibaya zaidi."

Sandy Cowie alikuja na kisanduku chake cha zana. Alikuwa mtu mwembamba, mwenye mvi za mapema, aliyefungua karakana Arrat miaka kumi na miwili iliyopita akitokea pwani. Tangu afike hapakuwa na mtu bondeni aliyezikwa na mwingine. Alimwamkia kila mmoja kwa jina, akatoa bisibisi.

"Kabla hujaanza, Sandy," alisema Whamond. "Kichwa kiko upande gani?"

Seremala hakugeuka. "Magharibi. Kama vichwa vyote."

"Basi anza na skrubu za magharibi."

Mvua ilisikika juu ya mwavuli wa Inspekta. Cowie alisimama kitambo, bisibisi mkononi, akilitazama jeneza kama mtu anayekagua kazi yake mwenyewe kwa mara ya mwisho. Kisha akapiga goti akafungua skrubu moja baada ya nyingine, bila pupa, akazipanga juu ya jani. Alipomaliza aliinua kifuniko upande wa magharibi.

Pale palipotakiwa kuwa na uso palikuwa na soksi mbili nyeupe.

Tam alitoa sauti isiyo neno. Inspekta alifunga saa yake.

"Kosa la seremala," alisema. "Kosa baya, lakini..."

"Jeneza limepanuliwa miguuni ili mabega yaingie," alisema Whamond kwa upole. "Huo ni upimaji, bwana. Hakukosea." Akamgeukia daktari. "Kumlaza mtu kinyume si kumuua. Tafadhali kitazame kichwa. Kiko huko mashariki."

Daktari aliinama upande ule mwingine. Alikaa huko muda kiasi cha kuwafanya watu wabadilishe miguu.

"Niliandika kwamba aligonga sakafu," alisema bila kuinua kichwa. "Damu ilikuwa imeganda kwenye nywele, sikuziosha. Mfupa umebonyea, na alama ina kona. Sakafu haina kona."

Whamond alichuchumaa karibu na kisanduku cha zana. Alitoa nyundo ya mbao ya seremala, ile ya kupigia patasi, yenye uso wa mraba, akaiweka juu ya kifuniko mbele ya watu wote. Alirudi akasimama mahali pake.

"Vile vigingi vya banda la makaa," alisema. "Nimeona vimepigwa randa. Ni wewe uliyetumwa kupima?"

"Ni mimi."

"Bibi yako alikuitaje, Sandy?"

Seremala alijifuta mvua usoni kwa mkono wa shati. "Oe," alisema. "Nilipofika kwa akina Cowie waliniuliza jina, nikasema Oe. Wakacheka siku nzima. Halafu wakanipa jina la mtoto wao aliyezama."

"Wewe," alisema Tam. "Ulikula kwetu. Ulikaa mezani kwa baba mkubwa."

"Nilikaa. Nilimpima kwa macho kila nilipokaa."

"Ulikuja kumuua," alisema Inspekta.

"Nilikuja kumzika." Cowie alisema hivyo kama anayesahihisha kipimo. "Nilitaka mkono utakaomfungia kifuniko uwe wangu, basi. Alikuwa mzee, na mimi nina subira. Ningengoja hata miaka kumi mingine. Akaniita nimpimie banda. Nikamwambia, bwana, hapa pana mtu. Akasema hapana mtu, kuna Mause tu."

Mchimbaji mmoja alivua kofia.

"Na ghalani?" aliuliza Whamond.

"Nilikwenda kumwomba tena. Kwa adabu, kofia mkononi. Nilimwambia mimi ni nani. Alinitazama, nikaona amekumbuka. Nikadhani... sijui nilidhani nini. Akasema, 'Usihuzunike, makaa yatampa joto.' Akageuka kupanda ngazi."

Inspekta alikuwa ameacha mwavuli uanguke begani. Rob Petrie ndiye aliyesema.

"Siku nne, Cowie. Siku nne nakaa mle nikisikia saa ikigonga. Ulijua."

"Nilijua."

"Ungeacha wanipeleke?"

Seremala alimtazama, na kwa mara ya kwanza macho yake hayakutulia. "Nilitaka kwanza udongo ukae," alisema.

Halikuwa jibu, na wote walijua halikuwa jibu. Whamond hakusaidia. Alimwendea Rob, akachukua ufunguo, akamfungua pingu, akazibeba zikiwa bado na joto la mikono ya kijana na kuzifunga katika mikono ya Sandy Cowie. Cowie aliinyoosha mwenyewe.

"Mgeuzeni," alisema Tam Fenton. Alikuwa analia kwa hasira, bila kuficha. "Mgeuzeni sasa hivi. Halali hivyo hata dakika moja. Na lile jiwe nitalivunja kokoto kwa kokoto, nizimwage barabarani."

"Jiwe ni ushahidi," alisema Whamond. "Atakayeligusa nitamfunga. Nafasi ipo mahabusu, imeachwa leo."

Walimgeuza. Ilichukua wachimbaji wote wawili na daktari, na haikuwa kazi ya kutazamwa. Skrubu zikarudi mahali pake; alizifunga daktari, vibaya. Kisha kamba zikatandazwa, na watu wakabaki wakitazamana, kwa sababu aliyezoea kugawa namba alikuwa amesimama kando ya kaburi jirani na pingu mikononi, na hakuna aliyetaka kumwuliza.

"Ya kichwani ni yangu," alisema Tam, akaishika.

Geordie Doig alikuwa amefika bila kuitwa. Alishika ya miguuni kwa mkono wake mzima. Wachimbaji, daktari na Inspekta mwenyewe walishika za katikati, na Whamond akashika mojawapo. Moja ikabaki chini. Rob Petrie aliitazama, akatema mate kando, kisha akainama akaiokota.

"Kwa ajili ya farasi," alisema. "Ili mzee huyu awe mbali naye."

Wakainua. Magogo yakatolewa. Na jeneza lilipoanza kushuka, Whamond alimwona Tam akinyooshwa mikono ghafla, kamba ikimla viganja, visigino vikichimba tope. Alishuka goti moja, kisha la pili. Hakuiachia, lakini shingo yake ilikuwa imejaa mishipa na mdomo ulikuwa wazi.

Sandy Cowie alikuwa akiyatazama yote kwa makini ya fundi.

"Huo ndio uzito wake, Tam," alisema polepole. "Bibi yangu aliubeba peke yake."